Je, Wajua? Safari ya Maji Chini ya Unyayo Wako

Sogea, nafasi ipo. Leo macho yote chini, pale pale unapokanyaga.

Je, wajua kwamba mvua ya milimita 1 tu ikinyesha juu ya hekta moja ya shamba, inakuwa imemwaga lita 10,000 za maji? Hizo ni ndoo 500 za lita 20! Sasa chukua mvua ya milimita 40, ile inayokuja Shinyanga alasiri moja na upepo wake: ndoo 20,000 kwenye hekta ile ile. Zote hizo zinaenda wapi?

Inategemea zimeangukia wapi. Udongo wa kichanga humeza zaidi ya milimita 30 kwa saa, lakini mfinyanzi uliokwisha kulowa humeza milimita 1 hadi 5 tu. Wingu lile lile, mvua ile ile. Jirani yako wa kilimani anatembea na viatu vikavu, wewe wa bondeni umevishika mkononi!

Na je, wajua kwamba Wasukuma waliupa kila udongo jina lake tangu zamani? Luseni ni ule wa kichanga wa huko juu. Kikungu ni mwekundu, ibushi una chokaa ndani yake, itogolo na ibambasi zina tabaka gumu chini, na mbuga ni ule mweusi wa bondeni. Shuka mteremko mmoja kwa miguu, taratibu, na unaweza kukanyaga karibu zote kabla ya chai kupoa. Mzee akikwambia "hapa ni itogolo", ameshakwambia maji yatafanya nini na zao gani lipandwe.

Miaka ya 1930, mtaalamu wa udongo Geoffrey Milne, aliyefanya kazi katika kituo cha utafiti cha Amani kule Tanga, aliutazama mpangilio kama huo kwenye miteremko ya Afrika Mashariki akauita katena, neno la Kilatini lenye maana ya mnyororo. Neno hilo sasa linafundishwa vyuo vikuu duniani kote. Kumbe limezaliwa kwetu!

Shika benchi, inakuja nyingine. Je, wajua kwamba mfinyanzi una nafasi tupu nyingi kuliko mchanga? Naam, nyingi kuliko! Mchanga una uwazi wa robo hadi asilimia 40 hivi ya ujazo wake. Mfinyanzi unaweza kuvuka nusu. Kinachozuia maji ni udogo wa vitundu vyenyewe. Chembe moja ya mfinyanzi haifiki milimita 0.002, kiasi kwamba ukizipanga 500 kwa mstari hujapata hata milimita 1. Maji yakiingia humo yanang'ang'aniwa kila upande.

Tena huo mfinyanzi unaovimba, kama ule wa mbuga, kila chembe yake ni kama kitabu cha kurasa nyembamba sana. Ukizitandaza kurasa zote za gramu moja, eneo lake linaweza kufika mita za mraba 800! Vijiko viwili vya chai vya udongo huo vinaweza kufunika uwanja mzima wa mpira, goli hadi goli. Halafu unashangaa kwa nini mbuga haikupi maji yake kirahisi?

Haya, nikuulize. Una matundu mawili ya mviringo, moja lina upana mara mbili ya lingine. Kubwa litapitisha maji mara ngapi zaidi? Umesema mara 2? Mara 4? Ni mara 16! Upana ukiwa mara 10, maji yanakuwa mara 10,000. Sasa unaelewa kwa nini njia moja ya mchwa, au tundu lililoachwa na mzizi uliooza, linaweza kumeza maji mengi kuliko udongo mzima unaolizunguka. Yule mchwa unayemfukuza nyumbani, huko shambani ni fundi bomba.

Je, umewahi kutembea mbugani mwezi wa Septemba? Ardhi imepasuka vipande vipande kama chapati iliyoungua, na fimbo ya kuchungia ng'ombe inazama ufani mpaka mkono wako unagusa ardhi. Nyufa hizo zinaweza kuzidi kina cha mita moja! Mvua ya kwanza inamiminika humo moja kwa moja, kama maji kwenye mtungi. Kisha udongo unakunywa, unavimba, na nyufa zinafungika zenyewe. Siku chache tu, na ardhi iliyokuwa na milango elfu haina hata mmoja. Maji yanasimama juu, na baiskeli yako inabebwa badala ya kukubeba.

Na lile tabaka gumu la itogolo? Mkulima wa pamba anaweza kulilaani, lakini mkulima wa mpunga analishukuru kila msimu. Anainua kingo za udongo kuzunguka kipande chake, anapata majaruba, na maji yanayotiririka kutoka kilimani yanaingia na kukaa. Hakuna turubai, hakuna saruji. Sakafu imeletwa na ardhi yenyewe!

Jaribu hili: chukua donge kavu la ibambasi, lidumbukize taratibu kwenye glasi ya maji safi, usikoroge. Udongo huu wenye sodiamu nyingi unaanza kutoa wingu la maziwa, chembe zinaachana na kuelea kila moja kivyake. Huko shambani chembe hizo hizo zinaziba vitundu vyote, na maji yanabaki nje.

Je, wajua kasi ya tone kubwa la mvua? Linafika mita 9 kwa sekunde, zaidi ya kilomita 30 kwa saa. Likigonga udongo ulio wazi, linaurusha mpaka sentimeta 60 kwenda juu. Huamini? Tazama ukuta wa nyumba yako baada ya mvua: ile mistari ya tope chini chini ndiyo ushahidi. Matone maelfu yakipiga hivyo, udongo wa juu unavunjika na kuwa ukoko mwembamba, na ukoko wa milimita chache tu unaweza kuyageuza maji yote yakimbilie korongoni.

Kwato nazo! Ng'ombe aliyesimama anaweza kukandamiza kila sentimeta ya mraba ya ardhi zaidi kuliko tairi la trekta, kwa sababu uzito wake wote umekaa juu ya kwato nne ndogo. Pita kwenye njia ya mifugo kuelekea lambo uone: pamekuwa pagumu kama sakafu, na mvua inapita juu yake ikienda zake.

Hapa nipunguze mwendo, maana hili la Shinyanga linanifurahisha kuliko yote. Miti mingi ilikatwa, mingine kwa ajili ya kumfukuza mbung'o, mingine kupisha pamba, mpaka mkoa ukaitwa Jangwa la Tanzania. Mwaka 1986 ukaanza mpango wa Hifadhi Ardhi Shinyanga, HASHI, na wananchi wakarudisha ngitili, yale malisho ya akiba ya Wasukuma yanayofungwa msimu wa mvua na kufunguliwa kiangazi. Zilikuwa zimebaki hekta 600 hivi tu. Kufikia mwaka 2004 zilikuwa zimevuka hekta 300,000, katika vijiji zaidi ya 800! Mahali majani yanaposimama, tone la mvua linagonga jani kwanza, kisha linateremka polepole, na chini linakuta mizizi imeshatoboa njia.

Na mti wenyewe, je, wajua unafanya nini usiku? Watafiti waliochunguza migunga kaskazini mwa Tanzania waligundua kwamba mizizi mirefu inavuta maji kutoka chini sana, na jua likishazama, sehemu ya maji hayo inavuja kwenye udongo mkavu wa juu. Wewe umelala, mgunga unamwagilia! Ni kweli kwamba mizizi hiyo hiyo huyanywa tena mchana.

Maji hupanda hata bila mti. Udongo ni kama utambi wa koroboi: kadiri vitundu vinavyokuwa vyembamba, ndivyo maji yanavyopanda juu zaidi. Kwenye mchanga hupanda sentimeta chache au makumi kadhaa. Kwenye udongo laini sana yanaweza kupanda zaidi ya mita moja, polepole, yakienda kinyume na mvuto wa dunia.

Je, unaweka changarawe chini ya kopo la maua ili maji yatoke haraka? Pole, jirani. Maji yaliyo kwenye udongo laini hayapendi kuingia kwenye changarawe. Yanasimama mpakani na kungoja mpaka udongo wa juu uloe chapachapa ndipo yadondoke. Changarawe yako imeinua tope karibu zaidi na mizizi.

Kiangazi, mito ya msimu kama Manonga ikikauka, hukauka juu tu. Mchanga unaweza kubeba maji robo ya ujazo wake na zaidi, na yakishuka chini kiasi cha mkono mmoja, jua haliyafikii kwa urahisi. Ndiyo maana unamwona mama ameinama katikati ya mto mkavu, anachota mchanga kwa kata, anangoja, shimo linajaa lenyewe, tena maji yakiwa yamechujwa.

Twende Geita sasa, kwenye miamba yenye umri wa zaidi ya miaka bilioni 2.5. Mwamba wenyewe karibu haupitishi maji kabisa. Yanapita kwenye nyufa. Na ufa ukiongezeka upana mara mbili, maji yanaongezeka mara 8! Mchimbaji aliye chini ya duara, yaani shimo la kuchimbia, kule Nyarugusu anaweza kufanya kazi wiki nzima pakavu, akagonga ufa mmoja, na kabla hajapanda juu pampu imeshaanza kuitwa.

Je, wajua kwamba hata dhahabu inategemea mwendo wa maji kwenye mchanga? Marudio, ule mchanga uliokwisha kuoshwa, hujazwa kwenye tangi kubwa, kisha maji yenye sayanaidi humwagwa juu yake yakashuka polepole siku kadhaa, yakiyeyusha dhahabu njiani mpaka kwenye mkaa maalumu unaoinasa. Marudio yakiwa na mfinyanzi mwingi, maji yanatuama juu na dhahabu inabaki imelala. Dawa yake ni kuchanganya saruji au chokaa ili chembe zishikane ziwe vidonge vidogo, na njia zifunguke.

Kanuni inayotawala tangi hilo aliitoa mhandisi Henry Darcy huko Dijon, Ufaransa, mwaka 1856, baada ya kupitisha maji kwenye bomba lililojaa mchanga. Kwa kanuni hiyo hiyo hupimwa mfinyanzi unaoshindiliwa chini ya mabwawa ya tope la migodini. Ule mzuri, maji yakishuka kwa uzito wake tu, hupitisha kimo cha sentimeta 3 kwa mwaka. Ndugu yangu, kucha za mikono yako zinakua haraka kuliko hapo!

Usiondoke kabla hatujashika kitu. Tafuta chupa mbili za maji, kata vitako, funga kitambaa midomoni na uzigeuze. Moja jaza luseni hadi nusu, nyingine udongo wa mbuga uliopondwa, kiasi hicho hicho, kisha mimina kikombe kimoja cha maji kila upande. Ya luseni itaanza kudondosha mapema. Ya mbuga iache hapo dirishani, nenda sokoni, rudi, pika, kula. Ukiitazama jioni, huenda bado maji yamekaa juu, yanang'aa.