Uzoeshaji wa Tabia na Utashi Huru katika Filamu ya A Clockwork Orange

Filamu ya A Clockwork Orange (1971), iliyoongozwa na Stanley Kubrick kutokana na riwaya ya Anthony Burgess ya mwaka 1962, mara nyingi huhakikiwa kwa kutegemea maneno ya kasisi wa gereza, anayepinga kwamba mfungwa aliyetibiwa hana tena uwezo wa kuchagua. Makala haya yanaona kuwa ushahidi mzito zaidi umo katika muziki.

Alex, aliyehukumiwa kifungo cha miaka 14 kwa kuua, anakubali matibabu yaitwayo Ludovico ili aachiwe mapema. Anadungwa dawa ya kumtia kichefuchefu, anafungwa kitini, kope zake zinabanwa zisifumbe, kisha anaoneshwa picha za ukatili. Msingi wake ni nadharia ya Pavlov: vitu viwili hufungamanishwa hadi mwili uitikie wenyewe. Siku moja picha za Wanazi zinaambatana na Simfoni ya Tisa ya Beethoven, muziki aupendao mno. Alex analia kwamba hiyo ni dhambi, kwani Beethoven hakumdhuru mtu. Daktari anaona haiepukiki.

Kama matibabu yangemfunza kuuchukia uovu, muziki usingeguswa. Mwili, hata hivyo, haubagui. Hushika kila kilichokuwapo wakati wa maumivu. Katika onesho mbele ya waalikwa, Alex analamba soli ya kiatu cha anayemdhalilisha, si kwa unyenyekevu bali kwa kukimbia kichefuchefu. Waziri anamjibu kasisi kwamba serikali haishughuliki na nia, inataka kupunguza uhalifu na msongamano magerezani. Jibu hilo linatisha kuliko sindano yenyewe. Baadaye mwandishi aliyewahi kuvamiwa na Alex anampigia simfoni hiyohiyo hadi anajirusha dirishani: silaha iliyoundwa na serikali sasa inatumiwa na yeyote anayeijua siri yake.

(Mtazamaji naye hasalimiki. Mapigano ya magenge yanapangwa kufuata mdundo wa Rossini, naye huufurahia kabla hajajiuliza anachokifurahia.)

Toleo la riwaya la Marekani liliacha sura ya 21, ambamo Alex anauchoka ukatili mwenyewe. Filamu nayo inakoma kabla ya hapo, Alex akiwa hospitalini, amerudishiwa Simfoni ya Tisa pamoja na ndoto zake za zamani. Kilichorejeshwa ni tamaa. Uchaguzi ambao Burgess aliuweka katika sura hiyo hauoneshwi.