Timu ya Carlisle na Mpira wa Kimarekani, 1912

Wengi wetu tukisikia neno mpira hufikiri ule wa kupigwa kwa mguu tu. Wamarekani wanao mpira wao, wenye umbo la yai, ambao zaidi huchukuliwa kwa mikono. Kila upande una watu 11. Timu yenye mpira hujaribu kuupeleka mbele, na wapinzani humkamata anayeuchukua na kumwangusha. Akiangushwa, mchezo husimama, kisha huanza tena kutoka pale alipoangukia.

Zamani mchezo huo uliumiza watu sana, na wengine walikufa. Mwaka 1905 Rais Theodore Roosevelt aliwaita wajumbe wa vyuo vya Harvard, Yale na Princeton kuzungumza nao juu ya ukali wake. Mwaka 1906 iliruhusiwa kuurusha mpira mbele kwa mkono. Tena mwaka 1912 timu ilipewa nafasi nne, badala ya tatu, za kuusogeza mpira yadi 10. Na aliyeuvusha mstari wa mwisho wa wapinzani alipata pointi 6 badala ya 5. Basi kwa sheria hizo mbio na akili zilianza kushindana na uzito wa mwili.

Waliofaidika sana ni wanafunzi wa Carlisle, katika jimbo la Pennsylvania. Shule hiyo ya bweni ilifunguliwa na serikali mwaka 1879 katika kambi ya zamani ya askari, kwa ajili ya watoto wa wenyeji wa asili wa Marekani. Watoto walipofika walikatwa nywele, wakapewa majina mapya, wakakatazwa kusema lugha za mama zao. Baadhi yao walikufa huko huko, wakazikwa mbali na kwao.

Mwaka 1912 timu yao ilifundishwa na Glenn Warner. Mchezaji wake mkubwa alikuwa Jim Thorpe, wa kabila la Sac na Fox, ambaye katika majira ya joto ya mwaka huo huo alikuwa amepata medali mbili za dhahabu katika michezo ya Olimpiki huko Stockholm.

Siku ya tarehe 9 Novemba walikwenda West Point kucheza na timu ya chuo cha maofisa wa jeshi. Fikiri, msomaji: baba na babu za vijana hao walikuwa wamepigana vita na jeshi lile lile, na kunyang'anywa nchi yao. Sasa watoto walikutana uwanjani, kwa sheria moja na mwamuzi mmoja. Carlisle walishinda kwa pointi 27 kwa 6. Katika timu ya jeshi alikuwamo kijana Dwight Eisenhower, ambaye baadaye alikuwa Rais wa Marekani.

Juma lililofuata wakashindwa na chuo cha Pennsylvania, 34 kwa 26. Hata hivyo, katika michezo 14 ya mwaka ule walishinda 12, wakatoka sare mmoja, wakashindwa huo mmoja tu.

Lakini ushindi haukuwaondolea taabu zao. Mwaka 1913 Thorpe alinyang'anywa medali zake kwa sababu hapo nyuma alikuwa amelipwa fedha kidogo kwa kucheza besiboli. Mwaka 1914 wajumbe wa Bunge walichunguza malalamiko ya wanafunzi juu ya uongozi wa shule, na mwaka 1918 shule ikafungwa. Thorpe alikufa mwaka 1953. Haki yake ya medali ilirudishwa mwaka 1982, na mwaka 2022 ndipo alipotajwa tena kuwa mshindi wa pekee.

Uwanja wa michezo hauwezi kuponya kila dhuluma. Lakini pale ambapo sheria ilikuwa moja kwa wote, vijana wa Carlisle walionyesha wazi walivyoweza. Haki imcheleweshapo mtu, isimkute amelala.