Nani ana haki ya kuandika kwenye ukuta?

Ukitoka Bukavu kwa njia ya Panzi, ukashika barabara ya Nyangezi, utapita Nyantende. Kandokando ya barabara kuna butiki moja ndogo: sabuni, chumvi, mafuta ya kupimwa kwa glasi, inite za simu. Ukuta wake wa pembeni unaangalia barabara, urefu kama hatua nane. Sisi vijana sita, wengine tumemaliza masomo na wengine wangali auditwa, tuliomba ule ukuta. Mama mwenye butiki akakubali bila kutuzungusha. Tukachanga franga za rangi, tukachora mama mbebaji: mzigo mgongoni, kamba imepita kwenye paji la uso, macho yanaangalia chini. Chini yake tukaandika maneno matano tu: «Barabara hii inabebwa na nani?»

Watu walisimama. Wamotari walibishana. Mzee mmoja alituambia miguu ya yule mama tumeichora vibaya, na kweli tuliichora vibaya. Wiki ya tatu nikapita tena, nikakuta ukuta mzima umepakwa rangi ya kampuni ya simu, na namba ya kununua forfait pale palipokuwa uso.

Nikamuuliza mama. Hakukasirika, hakuona haya. «Mtoto wangu, ninyi mulinipa picha. Hawa wamenipa franga.»

Tangu siku ile nimekuwa nikifikiria jambo ambalo chuoni hatukufundishwa, au labda tulifundishwa nikiwa nimesinzia: sanaa ya mahali pa wazi ni ya nani, inafanya kazi gani, na kwa nini inafutwa haraka hivi. Naomba tuliongee hapa, maana wengi wetu bado tunasema eti kuchora ni kazi ya mtu aliyekosa kazi.

Tuanze na hili: kuta zetu haziko kimya. Tembea kutoka Nyawera mpaka Kadutu, soma kila unachokiona. Bia. Simu. Kanisa lenye picha ya mchungaji na mke wake. «Défense d'uriner ici.» Halafu lile andiko ambalo kila Mkongomani analijua kwa moyo: «Parcelle à ne pas vendre». Mgeni anaona ni tangazo la nyumba. Sisi tunajua ni kilio. Ndani ya maneno yale kuna ndugu watatu wanaogombana, kuna mjane, kuna karatasi mbili za kiwanja kimoja, kuna mahakama ambayo haikuaminika, mpaka mtu akaona heri aukabidhi ukuta kazi ya kumlinda. Kwa maoni yangu hayo ndiyo maandishi ya umma yenye nguvu kuliko yote nchini kwetu, na hakuna msanii aliyeyaweka sahihi.

Serikali nazo zinaijua nguvu hiyo toka zamani. Wabelgiji walimsimamisha mfalme Leopold II juu ya farasi pale Kinshasa, yeye ambaye hakuikanyaga Kongo hata siku moja. Wakati wa Mobutu akashushwa. Februari 2005 waziri wa utamaduni akamrudisha kwenye barabara kubwa karibu na stesheni, watu wakapiga kelele, na sanamu haikumaliza hata siku mbili. Linganisha na Goma, ambako kwenye Rond-point Chukudu kuna sanamu ya rangi ya dhahabu ya mtu anayesukuma chukudu, baiskeli ile ya mbao ya kubebea viazi na makaa. Ile pia ni ya wakubwa, lakini watu wameipokea, wanapiga picha pale siku ya harusi. Nadhani ni kwa sababu mtu anayesukuma chukudu barabarani anaweza kuinua macho na kujiona juu. Ila kuna jambo moja: sanamu inamsifu, haimuulizi mtu yeyote kwa nini bado anasukuma.

Hapo ndipo sanaa ya kudai haki inapoachana na sanaa ya kupamba. Ya kupamba inakuambia «tazama». Ya kudai inakutafuta wewe unayepita na kukuambia «jibu».

Kwetu jambo hili si geni wala halikuletwa na miradi. Chéri Samba, ambaye leo picha zake ziko kwenye makumbusho makubwa ya dunia, alianza Kinshasa kama mchoraji wa vibao vya biashara. Mwaka 1975 akafungua karakana yake kwenye Avenue Kasa-Vubu, akawa anatundika picha nje, zikiangalia barabara, na ndani ya picha anaandika maneno. Watu wakajaa kusoma na kubishana. Lubumbashi, Tshibumba Kanda-Matulu alichora historia ya nchi, picha zaidi ya mia moja, katika miaka ya 1973 na 1974, na maelezo yake mengi alimpa mtafiti Johannes Fabian kwa Kiswahili cha kule kwao. Kiswahili chetu hiki, ambacho wengine wanaona ni cha sokoni tu, kiliweza kubeba historia nzima ya Kongo.

Lakini mfano ninaotaka kukaa nao zaidi ulitokea hapa hapa Bukavu.

Tarehe 29 mpaka 31 Mei 2015, kwenye ukumbi wa Collège Alfajiri, mwongozaji wa tamthilia kutoka Uswisi, Milo Rau, alifungua mahakama. Iliitwa Mahakama ya Kongo. Ilikuwa na rais wa kikao, Jean-Louis Gilissen, mwanasheria halisi wa kutoka Ubelgiji. Ilikuwa na mpelelezi, Maître Sylvestre Bisimwa, mwanasheria wetu wa Bukavu. Ilikuwa na mashahidi halisi, wengine wamefunikwa nyuso ili wasijulikane. Kitu kimoja tu ndicho hakikuwa halisi: mamlaka. Mahakama ile haikuweza kumfunga mtu hata dakika tano. Ilikuwa mchezo wa kuigiza.

Kesi zilikuwa tatu. Ya kwanza ilihusu dhahabu ya Twangiza, huko Luhwindja, ambako kampuni ya Kanada, Banro, ilikuwa inachimba, na watu waliohamishwa kwenye vilima vyao walikuwa wanauliza fidia iko wapi. Ya pili ilihusu Bisie, Walikale, na madini yake. Ya tatu ilihusu Mutarule, kwenye bonde la Ruzizi, ambako usiku mmoja wa Juni 2014 watu zaidi ya thelathini waliuawa, wakati askari wa serikali na wale wa Umoja wa Mataifa hawakuwa mbali.

Sasa jiulize: kwa nini mchezo? Kwa sababu milango mingine ilikuwa imefungwa. Mahakama ya The Hague haiwezi kugusa mambo ya kabla ya Julai 2002. Ripoti ya Mapping ya Umoja wa Mataifa, iliyotolewa Oktoba 2010, iliorodhesha matukio 617 mazito ya kati ya 1993 na 2003, halafu ikalala kwenye droo. Watu wa Mutarule hawakuhitaji mtu wa kuwaambia wameumia. Walihitaji mahali ambapo mkubwa atakaa kwenye kiti na kuulizwa, huku watu wanamsikia.

Na wakubwa walikuja! Ndiyo sehemu inayonishangaza mpaka leo. Gavana wa jimbo alikuja. Waziri wa madini na waziri wa mambo ya ndani wa jimbo walikaa mbele ya umati na kujibu maswali. Kama ingekuwa mahakama ya kweli, wangetuma barua ya udhuru. Kama ingekuwa maandamano, wangetuma polisi. Lakini kwa kuwa iliitwa tamthilia, nani atakataa kualikwa? Unakaa, unavaa suti nzuri, unadhani utasema mambo ya kawaida, kumbe swali linalofuata linatoka kwa mtu aliyezika watoto wake. Muda baadaye wale mawaziri wawili walipoteza viti vyao. Kama ni kwa ajili ya kikao kile peke yake, tunaweza kubishana mpaka usiku. Ila majibu yao watu walikuwa wameyasikia.

Najua mtakachosema, maana hata mimi nimekisema. Mtu mmoja anatoka Ulaya, anapiga filamu ya uchungu wetu, filamu inaonyeshwa kwenye tamasha la Locarno mwaka 2017, watu wanapiga makofi, na sisi? Ni swali la haki kabisa. Waliofiwa Mutarule hawakurudishiwa mtu. Na kikao cha pili, cha Berlin, mwezi Juni 2015, kilikuwa mbali na macho ya Luhwindja. Tena Alfajiri ni ukumbi wenye geti, si soko. Mama anayeuza ndizi pale Essence hakuacha biashara yake siku tatu ili kusikiliza. Sikubaliani na wanaosema kwa hiyo haikuwa na maana, lakini nakubali kwamba kazi ya sanaa inayodai haki inapimwa pia kwa nani anabaki na kitu mikononi wakati kamera zimeondoka. Kwangu mimi, kilichobaki Bukavu ni mfano: swali linaweza kuulizwa hadharani, kwa utaratibu, kwa majina, bila kurusha jiwe.

Wengine wametoka ukumbini wakaenda barabarani moja kwa moja. Kinshasa, tangu 2015, Eddy Ekete na wenzake wa tamasha la KinAct wanavaa takataka zenyewe, makopo, matairi, madoli yaliyovunjika, wanatembea katikati ya soko na foleni za magari. Huwezi kusema hukuona. (Ukiona chupa za plastiki zinavyojaa ziwani mpaka kwenye bwawa la Ruzizi, utaelewa kwamba nguo za namna hiyo sisi hatutazikosa.) Nairobi, mwaka 2012, mpigapicha Boniface Mwangi na wachoraji wenzake walichora kwenye kuta za mjini mwanasiasa mwenye kichwa cha tumbusi, yule ndege anayekula mizoga. Mei 2013 wakapeleka nguruwe mbele ya bunge wakati wabunge wanadai mishahara mikubwa, wakakamatwa. Picha za tumbusi zilikaa muda wa kutosha watu kuzikumbuka, na nguruwe walikaa asubuhi moja tu, lakini dunia nzima iliwaona. Kila njia ina bei yake.

Kwetu bei ni kubwa zaidi, tusidanganyane. Tarehe 27 Februari 2025 milipuko ilipiga mkutano pale Place de l'Indépendance, watu wakafa. Baada ya siku ile, kumwambia mzazi «ninaenda mahali watu wamekusanyika» si jambo dogo. Ndiyo maana mimi binafsi narudi kwenye ukuta. Ukuta haukusanyi umati kwa saa moja. Kila mtu anausoma kwa wakati wake, anapita, anabeba swali nyumbani. Mchoro hauna kiongozi wa kukamatwa kirahisi, ingawa mwenye ukuta anajulikana, na hilo lazima alijue kabla ya wewe kufungua kopo la rangi. Kumficha ni kumtumia.

Sheria nayo tuijue, hasa sisi wenye diploma. Katiba ya 2006, kifungu cha 23, inampa kila mtu uhuru wa kutoa maoni. Kifungu cha 26 kinasema wanaofanya maandamano kwenye njia za umma wanapaswa kuitaarifu serikali kwa barua. Kutaarifu, si kuomba ruhusa. Kwenye ofisi nyingi maneno hayo mawili yamechanganywa kwa makusudi, na sisi tunakubali kwa sababu hatujasoma. Kwa ukuta wa mtu binafsi, neno la kwanza ni la mwenye nyumba. Kwetu sisi kosa lilikuwa hapo: tulipata «ndiyo» ya mdomo, hatukukubaliana picha ikae miezi mingapi, wala hatukufikiria kwamba ukuta ni sehemu ya biashara ya yule mama. Kampuni ilifikiria.

Basi wiki mbili zilizopita nilirudi kwake na wenzangu wawili. Tulinunua sabuni kwanza, adabu ni adabu. Tukamwambia hatuna franga za kulingana na kampuni, lakini kuna ukuta wa nyuma, ule unaoangalia kijia wanachopita wabebaji wakienda kupanga mizigo asubuhi. Unavuja, chokaa imebanduka. Tukasema tutauziba na kuupaka, halafu tuuchore, na picha ikae mwaka mmoja, tuandike kwenye karatasi.

Akauliza simenti ni ya nani. Tukasema ni yetu. Akauliza tutaandika nini. Tukamwambia safari hii tunataka kuwauliza kwanza wabebaji wenyewe, na kama hawataki kuchorwa wakiwa wameinama, hatutawachora wameinama.

Akacheka. «Nami munichore? Hapana, musinichore. Muandike bei ya kubeba mfuko mmoja mpaka Panzi. Hapo ndipo watu watasimama.»

Jumamosi tunaenda na mwiko na mfuko wa simenti. Anayeweza kuchora miguu vizuri aje.