DRC: Kioo cha mashine ya kura chaonyesha kwa nini sura ya programu si pambo

Tarehe 30 Desemba 2018, mamilioni ya wakaaji wa Jamhuri ya Kidemokrasia ya Congo walipiga kura kwa kugusa kioo. Kwa wengi, hasa vijijini, ilikuwa mara ya kwanza kugusa kioo cha kompyuta, na hapakuwa na wakati wa kujifunza. Nyuma yao kulikuwa na mstari wa watu wanaosubiri, mbele yao orodha ya wagombea 21 wa urais.

Mabishano ya siku zile yalihusu wizi wa kura. Mashine hizo, zaidi ya 100,000, zilitengenezwa na kampuni ya Miru Systems ya Korea Kusini kwa ajili ya Tume Huru ya Uchaguzi, CENI. Wapinzani walibadilisha herufi moja tu ya Kifaransa, na « machine à voter », mashine ya kupigia kura, ikawa « machine à voler », mashine ya kuiba. CENI kwa upande wake ilisema ni printa tu: mpiga kura anachagua, karatasi inachapwa, na karatasi hiyo ndiyo inayohesabiwa kwa mkono.

Katika kelele hizo, swali jingine halikupata nafasi kubwa, ingawa linawahusu moja kwa moja vijana wanaosomea informatiki Goma, Bukavu, Kisangani na Lubumbashi. Nani anaamua kitu gani kionekane kwenye kioo, kwa ukubwa gani, kwa mpangilio gani? Na anapoamua, anamfikiria mtu wa namna gani?

Kutoka kitabu cha karatasi hadi kioo

Kioo kililetwa kutatua shida ya kweli. Mwaka 2011, wagombea ubunge walikuwa wengi kiasi kwamba karatasi ya kura katika sehemu moja ya Kinshasa iligeuka kitabu cha kurasa zaidi ya 50. Mpiga kura alipaswa kufunua ukurasa baada ya ukurasa akitafuta sura moja kati ya mamia. Mwaka 2018, wagombea ubunge wa taifa walipita 15,000 kwa viti 500. Mwaka 2023 walipita 25,000.

Kwa mashine, mtu anapewa karatasi, inaingizwa, kisha kioo kinampeleka hatua kwa hatua: rais kwanza, halafu mbunge wa taifa, halafu mbunge wa jimbo. Mwishoni karatasi inachapwa pamoja na majina aliyochagua, anaikagua, anaikunja na kuitia sandukuni. Kila mgombea ana namba na picha, ili hata asiyejua kusoma aweze kumtambua.

Kwenye maelezo, hilo ni jepesi. Kwenye vituo, waangalizi waliona wazee na watu wasiojua kusoma wakikwama na kuomba msaada. Sheria ya uchaguzi inamruhusu mpiga kura asiyeweza kupiga kura peke yake kusaidiwa na mtu anayemchagua mwenyewe. Lakini kila anayesaidiwa, kuna macho mengine yanayoiona kura yake. Kioo kisichoeleweka kinapunguza siri ya kura hata pale ambapo hakuna aliyekusudia kuiba.

Funzo la Palm Beach

Congo si nchi ya kwanza kuona mpangilio wa majina ukigeuka jambo la taifa. Novemba 2000, katika wilaya ya Palm Beach, jimbo la Florida nchini Marekani, msimamizi wa uchaguzi alitaka kuwasaidia wazee wasioona vizuri. Aliongeza ukubwa wa herufi, majina hayakuenea tena upande mmoja, na wagombea wakapangwa pande mbili, huku matundu ya kutoboa yakiwa katikati.

George W. Bush alikuwa wa kwanza upande wa kushoto, na tundu lake lilikuwa la kwanza. Al Gore alikuwa wa pili upande huohuo, lakini tundu lake lilikuwa la tatu. Tundu la pili lilikuwa la Pat Buchanan, aliyeandikwa upande wa kulia. Buchanan alipata kura 3,407 katika wilaya hiyo, idadi iliyowashangaza wengi, na karatasi zaidi ya 19,000 ziliharibika kwa kutobolewa mara mbili. Bush alishinda Florida, na kwa hiyo Marekani nzima, kwa tofauti ya kura 537.

Hapakuwa na kompyuta wala wizi katika mpangilio huo. Kulikuwa na nia njema ambayo haikujaribiwa na watu kabla ya siku yenyewe.

Dirisha, folda na kapu la taka

Sura ya programu, yaani madirisha, picha ndogo, vitufe na menyu, si kitu kilichozaliwa pamoja na kompyuta. Kwa miaka mingi, mtu aliandika amri kwa herufi, akikosea nukta moja anakataliwa. Mwaka 1968, Douglas Engelbart alionyesha hadharani San Francisco kipanya na kazi ya kuonyesha vitu kwenye kioo. Mwaka 1973, kituo cha utafiti cha Xerox huko California kilitengeneza kompyuta ya Alto, iliyotumia kipanya na madirisha. Macintosh ya Apple ilifuata mwaka 1984, na Windows ya Microsoft mwaka 1985.

Wabunifu wa California walichukua mfano wa kitu walichokijua, yaani meza ya ofisi. Ndiyo sababu kompyuta ina folda, karatasi na kapu la taka. Kwa karani wa Marekani, maana ilikuwa wazi. Kwa mkulima wa Walikale, folda ya njano ni umbo la njano tu. Hata alama ya kuhifadhi kazi, ile ya mraba, ni picha ya disketi ambayo mwanafunzi aliyezaliwa baada ya 2005 pengine hajawahi kuishika. Picha haisemi yenyewe. Inasema na mtu aliyekwisha kuona kitu hicho.

Nyuma ya kitufe

Kwa anayeandika programu, kazi ina sehemu mbili: kuchora na kusubiri. Baada ya kuchora kioo, programu hukaa ikisubiri. Kidole kikigusa, mfumo wa simu unaiambia: kuna mguso mahali fulani. Programu inatafuta ni kitufe gani kiko hapo, kisha inatekeleza amri zilizofungwa kwenye kitufe hicho. Ikimaliza, inarudi kusubiri. Ndivyo zinavyofanya kazi Swing ya Java, Qt, Android na nyingine nyingi.

Hapo ndipo wanaoanza hukosea. Wanaweka kazi ndefu, kama kutuma pesa kwa mtandao, katika njia ileile inayochora kioo. Mtandao ukilegea, kioo kinaganda. Mtumiaji hajui kama amesikika, anabonyeza tena, na tena. Programu ikiwa haikupangwa vizuri, malipo yanaondoka mara mbili. Kwenye Android, programu isiyojibu mguso kwa sekunde 5 inaletewa onyo linalomuuliza mtumiaji kama anataka kuifunga.

Dawa inajulikana: kazi ndefu ipelekwe pembeni, kitufe kizimwe mara tu kinapobonyezwa, na kioo kiseme kinachoendelea. Wataalamu wanatumia vipimo vitatu. Jibu likija ndani ya sehemu moja ya kumi ya sekunde, mtu anaona ni papo hapo. Likichukua sekunde moja, anahisi kuchelewa lakini mawazo yake hayakatiki. Likipita sekunde 10, anaacha na kufanya jambo jingine. Katika mji ambako mtandao unapotea mara kwa mara, mbunifu lazima aanze na hali hiyo mbaya, si na mtandao wa ofisini kwake.

Ukubwa nao una hesabu yake. Mwaka 1954, mwanasaikolojia Paul Fitts wa Marekani alionyesha kwamba muda wa kufikia kitu unategemea umbali wake na upana wake: kidogo na cha mbali huchukua muda zaidi. Google inashauri kitufe cha Android kisipungue karibu milimita 9 kila upande. Kwa kidole cha mtu anayelima au kubeba mizigo, kwenye kioo chenye vumbi na nyufa, kipimo hicho ni cha chini kabisa.

Neno lipi liwekwe?

Halafu kuna lugha. Congo ina Kifaransa kama lugha rasmi, na Kiswahili, Lingala, Kikongo na Tshiluba kama lugha za taifa. Kazi ya kuweka Kiswahili kwenye programu ilianza zamani: mwaka 2004, mradi uliohusisha Chuo Kikuu cha Dar es Salaam ulitoa Jambo OpenOffice, programu za ofisi kwa Kiswahili.

Lakini Kiswahili cha kwenye simu mara nyingi kinafuata maneno ya Tanzania na Kenya. Pale ambapo Kifaransa kinaandika « Annuler », simu ya Kiswahili inaandika « Ghairi ». Mtu wa Goma au Bunia atauliza neno hilo ni nini, wakati « Acha » au « Rudi nyuma » angelielewa mara moja. Ubaya unazidi pale kioo kinapouliza kama unataka kughairi malipo, kisha kinaweka vitufe viwili: « Ghairi » na « Ndiyo ». Vyote viwili vinaweza kueleweka vivyo hivyo. Ni heri kitufe kiseme kazi yake: « Tuma pesa » na « Usitume ».

Kwa hiyo mwandishi wa programu anashauriwa asiandike maneno ndani ya amri zenyewe. Ayaweke katika faili la pembeni, lugha moja faili moja, na aache nafasi kwenye vitufe, maana « Thibitisha » ni refu kuliko « OK ».

Kujaribu kabla ya siku yenyewe

Njia ya kugundua makosa haya haina gharama kubwa. Jakob Nielsen, mtaalamu wa Denmark aliyefanya kazi Marekani, amefundisha kwa miaka mingi kwamba watu 5 wanatosha kufichua sehemu kubwa ya matatizo ya kioo kimoja. Mpe simu mama anayeuza makala katika soko la Kadutu, mwambie afanye kazi moja, kisha nyamaza. Usimwonyeshe kwa kidole. Pale anaposita, kuna kosa, na kosa ni la programu. Linasahihishwa, halafu wanatafutwa watu wengine 5.

Desemba 2023, mashine zilirudi vituoni kwa jina jipya, DEV, mbele ya wapiga kura karibu milioni 44 walioandikishwa. Katika baadhi ya miji, hatua ziliongezeka kuwa nne, kwa kuwa kulikuwa pia na madiwani wa komini. Januari 2024, CENI ilifuta kura za wagombea 82 kwa sababu za udanganyifu, zikiwemo tuhuma za kushika mashine kinyume cha sheria. Sura nzuri ya programu haiwezi kumzuia mtu anayebeba mashine nyumbani kwake.

Lakini inaweza kumwezesha bibi wa Masisi kumpata mgombea wake, kumthibitisha na kutoa karatasi yake bila mtu kusimama begani kwake. Muhula wa sasa ni wa miaka 5, na uchaguzi mwingine unangojewa mwaka 2028. Muda wa kuwaketisha watu mbele ya kioo hicho na kuona wanakwama wapi bado upo.