Kamango: Damu inayokinga malaria, na swali linalowasubiri wachumba

Kutoka Kamango, katika usultani wa Watalinga wilayani Beni, kuvuka mpaka wa Nobili kwenda Bundibugyo nchini Uganda ni karibu kuliko kufika Beni mjini, hasa barabara ya Mbau inapofungwa kwa sababu ya usalama. Watu huuza kakao ng'ambo na kuoa ng'ambo. Tarehe 11 Julai 2013, waasi wa ADF waliposhambulia Kamango, zaidi ya watu 60.000 walikimbilia ng'ambo hiyohiyo. Kitalinga na Kibwisi cha Bundibugyo ni karibu lugha moja.

Kuna pia jambo la damu.

Mwaka 1949, watafiti Hermann Lehmann na Alan Raper walitangaza matokeo ya vipimo vya damu vya makabila ya Uganda. Kwa Baamba wa Bundibugyo, karibu watu 45 kwa kila 100 walikuwa na alama ya drepanositozi, ugonjwa ambao wengi Kongo huuita SS. Ni miongoni mwa viwango vya juu kabisa vilivyowahi kuonekana duniani. Sababu ilieleweka mwaka 1954, Anthony Allison, daktari aliyekulia Kenya, alipoonyesha kwamba aliyerithi alama hiyo kwa mzazi mmoja tu, yaani AS, ana kinga dhidi ya malaria kali. Bonde la Semuliki lina joto, mvua na mbu. Kwa vizazi vingi watoto wengi wasio na alama walikufa wadogo. Wenye AS wakakua, wakazaa.

Kinga hiyo ina bei. AS akioana na AS, kila mimba ina nafasi moja kati ya nne ya kuleta mtoto SS. Chembe zake nyekundu hupinda kama mundu, hukwama kwenye mishipa na kuvunjika upesi. Mifupa huuma, damu hupungua. Na malaria ambayo baba na mama yake waliikwepa, yeye inaweza kumuua haraka zaidi.

Nyumbani hesabu hiyo haionekani. Wazazi wawili wanaweza kupata watoto wanne wazima. Majirani zao, wenye damu ileile, wakazika wawili. Hapo ndipo maneno ya uchawi huanza, na mara nyingi lawama humwangukia mama, kwamba ameleta ugonjwa kutoka ukoo wa kwao. Si kweli: hakuna mtoto SS ambaye baba hakumpa nusu ya ugonjwa huo.

Wazee walikuwa na sheria yao. Baamba, kama makabila mengi ya eneo hili, hukataza kuoa ndani ya ukoo. Sheria hiyo huzuia ndugu kuoana, lakini alama iliyosambaa katika koo zote haizuiliki kwa kuvuka kijito na kuchumbia ukoo mwingine.

Utafiti uliochapishwa mwaka 2010 ulikuta Bundibugyo chini ya watu 14 kwa 100 wenye alama hiyo. Sehemu ya tofauti inaweza kutokana na namna ya kupima na nani alipimwa. Lakini ndani ya miaka 60 watu pia wamehama, wamekimbia vita, wameoana na wageni, na hayo nayo hubadilisha damu ya eneo.

Kwa wachumba, swali ni lini waulizane. Mahari ikishajadiliwa na familia mbili zimekula pamoja, karatasi yenye AS mbili huwa kesi ya ukoo mzima, wala si ya vijana wawili tu. Afadhali ijulikane mapema. Vipo vipimo vya tone moja la damu ya kidoleni vinavyotoa jibu kwa dakika chache, bila umeme.

Kwa mtoto ambaye tayari ni SS kuna dawa, hidroksiurea. Jaribio lililofanyika katika nchi nne za Afrika, Kinshasa ikiwemo, na kuchapishwa mwaka 2019, lilionyesha kwamba watoto walioitumia walipata maumivu machache, malaria kidogo, na vifo vilipungua. Dawa hiyo huhitaji damu kupimwa mara kwa mara. Kila siku mtoto anahitaji maji ya kutosha na chandarua, na homa yoyote apelekwe kwa muganga siku hiyohiyo. Barabara ya Mbau ikiwa imefungwa, kwa mzazi wa Kamango anayetafuta hospitali kubwa, njia inayobaki ni Nobili.