Maneno Manne ya Barua za Kazi



Barua ya kuachishwa kazi mara nyingi huandikwa kwa Kiingereza, tena kile cha mahakamani. Mwenye kuipokea hutia sahihi au dole gumba kwanza, ndipo atafute wa kumsomea. Leo twaeleza maneno manne yanayogusa mfuko wa mfanyakazi, pamoja na matamshi yake.

IN LIEU. Hutamkwa “in lyuu”. Asili yake ni Kifaransa, na maana yake ni “badala ya”. Mwajiri akiandika kwamba atalipa mwezi mmoja “in lieu of notice”, anatoa mshahara wa mwezi badala ya notisi ya mwezi. Fedha hiyo si zawadi.

EX GRATIA. Hutamkwa “eks greisha”. Ni Kilatini, maana yake “kwa hisani”. Ni malipo ambayo mwajiri anadai kuwa hakulazimika kuyatoa. Hapa tuwe macho. Mshahara wa siku ulizokwisha kufanya kazi ni haki yako, si hisani ya mtu. Ukiuona umewekwa chini ya neno hili, uliza.

SUMMARY. Hutamkwa “samari”. Shuleni ni muhtasari, lakini “summary dismissal” ni kufukuzwa papo hapo kwa kosa kubwa, bila notisi au kwa notisi pungufu. Huko Kenya, Sheria ya Ajira ya mwaka 2007 yamtaka mwajiri kwanza amweleze mfanyakazi sababu kwa lugha anayoifahamu, tena amsikilize, mwenzake au mwakilishi wa chama akiwapo.

REDUNDANCY. Hutamkwa “ridandansi”. Wako wanaodhani ni tusi la uvivu. Sivyo. Maana yake ni kwamba kazi yenyewe imeondolewa, na mfanyakazi hana kosa. Kwa sheria hiyo hiyo ya Kenya, anayepunguzwa hivyo hulipwa mshahara wa siku zisizopungua 15 kwa kila mwaka kamili aliotumika. Kwa hiyo aliyetumika miaka 10 ana haki ya siku 150. Akikubali barua yenye neno “samari” mahali pa “ridandansi”, anaweza kuzikosa zote.

Sheria za nchi zatofautiana, lakini maneno haya ni yale yale. Ukipewa barua usiyoielewa, usitie sahihi siku hiyo. Omba nakala, uipeleke kwa katibu wa tawi, msome pamoja neno kwa neno.