Mbwa wa Zizini Ana Ukoo Wake

Saa mbili asubuhi, katika kaya moja nje ya mji wa Bariadi, mama mwenye nyumba anakwangua sufuria la ugali. Mbwa wa rangi ya udongo, mkia umejikunja kama mundu juu ya mgongo, ameshakaa hatua tatu kutoka kwake. Habweki wala hasogei. Ukoko unapotua chini anaudaka, anaenda kuutafunia kwenye kivuli cha minyaa, masikio bado yameelekea zizini. Anaitwa Simba, jina walilonalo mbwa wengi wa huku. Ukiuliza ni mbwa wa aina gani, mwenye kaya anajibu bila kufikiri: "Huyu hana aina, ni koko tu."

Jibu hilo nimelisikia tangu utotoni, na kila nikisoma zaidi kuhusu mbwa hawa ndivyo ninavyozidi kulikataa.

Tuangalie kwanza mbwa anayesemwa kuwa na aina. Huko Vendée, magharibi mwa Ufaransa, wawindaji walimkuza mbwa mdogo mwenye manyoya magumu, masikio marefu na miguu mifupi, aitwaye petit basset griffon vendéen. Kimo chake begani ni sentimita 34 hadi 38. Kazi yake ni kunusa njia ya sungura ndani ya vichaka vya miiba, na kwa kuwa hana mbio, mwindaji anaweza kumfuata kwa miguu asiachwe nyuma. Mwaka 2009 watafiti walieleza siri ya miguu hiyo: mbwa wafupi wa namna yake wana nakala ya ziada ya jeni iitwayo FGF4, ambayo hukatiza mapema ukuaji wa mifupa ya miguu. Kosa hilo la kunakili lilitokea mara moja tu, kale sana. Watu wakalipenda, wakawa wanawapandisha wale waliolirithi.

Simba wa Bariadi hakuna mtu aliyeketi kumchagulia wazazi. Kazi hiyo ilifanywa na jua, njaa, kupe na fisi, na imechukua muda mrefu kuliko kumbukumbu ya klabu yoyote ya mbwa Ulaya. Mifupa ya mbwa iliyo miongoni mwa ya kale zaidi barani Afrika ilifukuliwa Merimde Beni-Salama, Misri, na ina umri wa zaidi ya miaka 6,000. Kushuka kusini hakukuwa rahisi. Mwanaakiolojia Peter Mitchell wa Chuo Kikuu cha Oxford alitoa hoja mwaka 2015 kwamba magonjwa yaenezwayo na kupe na ndorobo huenda ndiyo yaliyowachelewesha mbwa kuvuka ukanda wetu. Waliofika ni watoto wa walionusurika.

Je, damu hiyo haikuchanganyika na ya mbwa wa wakoloni? Mwaka 2009 Adam Boyko na wenzake walichapisha uchunguzi wa chembe za urithi za mbwa wa vijijini wa Misri, Uganda na Namibia. Wale wa Namibia walionyesha mchanganyiko mkubwa na mbwa wa Ulaya. Wale wa Uganda, jirani zetu wa ng'ambo ya Ziwa Victoria, kwa sehemu kubwa walikuwa na asili ya hapa hapa. Kwa hiyo mbwa wa kijijini Afrika Mashariki hakutokana na mabaki ya mbwa wa kizungu waliopotea njia. Ana ukoo wake.

Hata ule ukoko una habari ya kusimulia. Mbwa mwitu wa kaskazini, aliye ndugu wa karibu wa mababu wa mbwa wote wafugwao, hana uwezo mkubwa wa kumeng'enya wanga. Mwaka 2013 ilithibitishwa kuwa mbwa wa nyumbani wana nakala nyingi zaidi za jeni AMY2B, inayotengeneza kimeng'enya cha kuvunja wanga. Yaani kukaa na wakulima kumelibadilisha tumbo la mbwa.

Tabia yake nayo ina mantiki. Usimtegemee amrukie mgeni koo na kumng'ang'ania, maana mbwa anayejeruhiwa ovyo mahali pasipo na daktari haachi watoto wengi. Silaha yake ni sikio na sauti. Usiku fisi akinusa ng'ombe, Simba hubweka kwa mkupuo mzito, anasonga mbele, anarudi nyuma, hadi watu watoke na tochi. Mchana hufuatana na wavulana malishoni, hana kamba wala filimbi. Ukimfungia ndani ya banda dogo siku nzima, akili yake huharibika na huanza kuuma. Mbwa huyu ameumbwa kutembea.

Lakini anapotembea, virusi navyo hutembea. Mkoa wetu wa Simiyu, ulio na mji wa Bariadi, unapakana na Hifadhi ya Taifa ya Serengeti, na mwaka 1994 watu wa hifadhi waliwaona simba wakitetemeka, wakikakamaa na kuanguka. Takriban theluthi moja ya simba wa Serengeti walikufa, karibu 1,000. Ugonjwa ulikuwa distempa, na virusi vyake vilifanana na vile vya mbwa wa vijijini. Baada ya hapo ilianza kazi ya kuchanja mbwa katika vijiji vinavyozunguka hifadhi. Utafiti wa mwaka 2015 ulionyesha kuwa hata mbwa wakichanjwa, virusi hivyo huendelea kuzunguka porini kupitia wanyama wengine, kwa hiyo si haki kumtwika mbwa lawama yote.

Kichaa cha mbwa ni habari nyingine, maana hapa mbwa ndiye kiini. Duniani huua watu wanaokadiriwa kuwa 59,000 kila mwaka, wakiwemo watoto wengi. Virusi huingia na mate kwenye jeraha, vikapanda polepole kupitia mishipa ya fahamu hadi kwenye ubongo, na dalili zikishatokea, mgonjwa karibu hana matumaini. Katika ule mwendo wa polepole ndipo tunapopata nafasi: kuosha jeraha kwa sabuni na maji yanayotiririka kwa dakika 15, kisha kukimbilia chanjo bila kungoja kuona mbwa atakuwaje. Chanjo hiyo nayo ilizaliwa Ufaransa, Julai 1885, Louis Pasteur alipomtibu Joseph Meister, mtoto wa miaka 9 aliyeumwa na mbwa.

Watafiti waliofuatilia kichaa cha mbwa nyumba kwa nyumba katika wilaya za Serengeti na Ngorongoro walikuta kuwa mbwa mmoja mgonjwa huambukiza kwa wastani mbwa mmoja na kitu tu. Hiyo ni habari njema kupita zote katika makala hii. Ugonjwa usioenea kwa kasi huzimika kwa kuchanja asilimia 70 ya mbwa, mradi zoezi lirudiwe kila mwaka, kwa sababu mbwa wa kijijini hufa mapema na wapya huzaliwa upesi. Kuwapiga risasi hakusaidii. Pengo hujazwa na watoto wasio na kinga.

Kikwazo kilikuwa barafu, maana chanjo iliaminika kuharibika mara ikitoka kwenye jokofu. Mwaka 2016 ilionyeshwa kuwa chanjo moja inayotumika sana hubaki na nguvu hata ikikaa miezi mitatu kwenye nyuzi 30. Watafiti wakatengeneza hapa nchini chombo cha udongo kinachopoozwa na maji yanayokauka juu yake, kwa kanuni ile ile ya mtungi wa bibi.

Matunzo mengine hayana gharama kubwa: bakuli la maji kivulini, kupe watolewe, dawa ya minyoo, na asipewe mbichi ini au mapafu yenye malengelenge siku ya kuchinja, maana tegu atakalolipata humrudia binadamu.

Siku ya chanjo wanaoleta mbwa uwanjani ni watoto. Mmoja, wa miaka kama 10, alimshika Simba wake kwa kamba ya katani, akamfunika macho kwa kiganja sindano ilipoingia, akapokea kadi. "Wabeja," akasema, yaani asante kwa Kisukuma. Afisa mifugo akamuuliza kama nyumbani wamebaki wengine. Wapo wanne, lakini ni vitoto, havijafungua macho vizuri. Akaambiwa avilete, hata vitoto huchanjwa. Kijana akaacha kamba mkononi mwa mwenzake, akatimua mbio, na baada ya nusu saa akarudi amebeba ndoo, mama yao akija nyuma huku akinusa kila hatua.